Reli ya Mtwara–Nachingwea: mliopanda, mliosimuliwa, mnaoishi kando ya tuta, tupeane uzoefu

MzeeWaChikongola (mleta mada)
Wakuu, salaam. Juzi mjukuu wangu alikuwa anatazama kwenye simu ile treni ya umeme ya Dar kwenda Dodoma, akaniuliza, "Babu, na sisi Mtwara treni itakuja lini?" Nikamwambia ilishakuja, ikaondoka. Hakuniamini. Nikaona nije huku, maana hata watu wazima wa mji huu hawajui.

Kwa kifupi: baada ya vita ya pili Waingereza walikuwa na njaa ya mafuta ya kupikia, wakaamua mwaka 1946 kulima karanga Tanganyika kwa matrekta. Maeneo yalikuwa Kongwa, Urambo na kwetu Nachingwea. Mashine zingefikaje Nachingwea? Ndipo ikajengwa reli kutoka Mkwaya, pale mkono wa bahari wa Lindi, kwenda bara. Baadaye ikaletwa Mtwara kwenye bandari mpya ya kina kirefu. Mradi wenyewe ulifutwa Januari 1951, bandari ikafunguliwa 1954. Yaani karanga zilikufa kabla bandari yake haijafunguliwa. Treni ikaendelea kubeba ilichopata, na mwanzoni mwa miaka ya 1960, Uhuru ukiwa bado mchanga, njia ikafungwa na reli zikang'olewa.

Mimi nilikuwa mtoto. Nakumbuka honi yake na wanawake waliokuwa wanapandisha ming'oko (vile viazi vya porini) ya kuchemsha dirishani kwa abiria. Mwenye kumbukumbu aweke hapa.

BintiMikindani
Shikamoo mzee. Kweli tupu. Marehemu bibi alikuwa akisema "mwaka wa treni" na sisi tunadhani anaweweseka.

KoroshoGhafi
Umenigusa mzee. Babu mzaa mama alikuwa kibarua wa gangi, kazi ya kubeba mataruma ya chuma na kushindilia kokoto. Alisema taruma likikaa juani saa sita mchana linachuna ngozi ya bega, kwa hiyo walikuwa wanakunja magunia na kuyafunga begani. Homa iliwaangusha wengi. Lakini mshahara wa reli ndio uliomnunulia cherehani bibi, na cherehani hiyo ndiyo iliyomsomesha mama.

Kilichomuuma hadi anaingia kaburini ni kitu kimoja. Reli ilipofungwa, walioitwa kuja kung'oa ni walewale walioitandika. Alienda, kwa sababu posho ilikuwa inatakiwa nyumbani. Alikuwa anasema kufungua bolti uliyoikaza mwenyewe ni kazi nzito kuliko kuikaza.

Shule yetu ya msingi kengele ilikuwa kipande cha reli kimetundikwa kwenye mwembe kwa waya, kinagongwa kwa bolti ya relini hiyohiyo. Pale panapogongwa pameng'aa kama sarafu, kwingine kote kutu. Kilisikika hadi kijiji cha pili.

LindiNdiyoKwetu
Mada nzuri ila kichwa cha uzi kinatuonea. Reli ilianzia MKWAYA, mkoa wa Lindi. Nachingwea nayo ni Lindi. Mtwara mlikuja kuongezewa baadaye, halafu mnaiita ya kwenu. Makao makuu ya Jimbo la Kusini yalikuwa Lindi mjini, mkayachukua miaka ya 1950. Bandari mkachukua. Sasa na historia?

Mnyambe_wa_Shangani
@LindiNdiyoKwetu hakuna aliyechukua kitu kaka. Meli kubwa zilishindwa kusogea Lindi, maji hayatoshi. Mtwara Mungu ametupa kina. Mzungu alifuata kina, hakutufuata sisi.

LindiNdiyoKwetu
Kina kilikuwepo tangu enzi za Mjerumani na mji haukuwepo! Mji wenu umechorwa kwa ajili ya karanga za Nachingwea. Na kabla ya hapo, mifupa ya yule dinosaria mkubwa wa Tendaguru huku Lindi, kati ya 1909 na 1913, ilibebwa vichwani na mababu zetu siku kadhaa porini hadi bandari ya LINDI, ndiyo hiyo ipo Berlin hadi leo. Hapakuwa na treni wala lori. Tuheshimiane.

Fundi Masasi
Jamani na Masasi tulikuwa na tawi letu, lilifika mwishoni mwa miaka ya 1950. Halikukaa. Watoto waliozaliwa linafunguliwa hawakufika darasa la kwanza wakalikuta.

SomoeWaLukuledi
Nyie mnagombania treni iliyokufa, mimi hilo tuta lake limenipa mpwa. Ngoja niwasimulie.

Mvua za El Niño, mwanzoni mwa 1998. Dada yangu ana mimba ya kwanza, uchungu ulimshika jioni, na mkunga wetu bibi kizee baada ya kumpapasa akasema mtoto amekaa vibaya, apelekwe hospitali ya misheni. Barabara ilikuwa imekatika huku na huku, bonde lote limejaa maji, hata baiskeli haipiti. Wanaume wanatazamana tu. Mjomba ndiye aliyesema, "Tupite tuta."

Kwa msiolijua, reli ilipong'olewa tuta lilibaki limeinuka juu ya mashamba, na ndilo lililokuwa kavu peke yake usiku ule. Tukamlaza dada kwenye kitanda cha kamba, wanaume wanne wakaingia begani, mimi mbele na chemli. Tuta lilikuwa limeota upupu. Mnaujua upupu? Ukilowa na mvua ndiyo kwanza unashika. Wabebaji wanawashwa hadi machozi na hakuna wa kuachia mkono ajikune.

Tukafika penye karavati. Vyuma vilichukuliwa siku za kung'oa reli, zimebaki nguzo mbili za zege, watu wameweka gogo la mnazi kuvukia. Chini maji yananguruma. Kitanda hakipiti pale. Tunaulizana tufanyeje, dada akapiga kelele moja, bibi mkunga akasema, "Mshusheni." Akasukuma wanaume wote wageuke, akaniambia nishike taa chini, chini zaidi, akaingiza mkono akamgeuza yule mtoto. Sijui alifanyaje. Sijawahi kuona tena. Mtoto akatoka, kimya. Bibi akamshika miguu, akamfuta mdomo kwa kidole, akampuliza. Kimya. Akampuliza tena, ndipo akalia.

Tukadhani yamekwisha, kumbe dada damu haikati. Mjomba akavua shati, tukamfunga dada mgongoni kwake kwa kanga mbili, akapita lile gogo kwa kutambaa, magoti na viganja. Hakuna aliyepumua. Mtoto nilivuka naye mimi kifuani. Asubuhi tulikuwa hospitalini. Mama na mtoto wazima.

BintiMikindani
Dada Somoe mimi nalia kazini huku. Mtoto yuko wapi sasa?

SomoeWaLukuledi
Mwanamume mzima. Ni dereva wa Fuso, anabeba korosho msimu ukifika. Kwao wanamwita Matuta mpaka leo.

Mnyambe_wa_Shangani
Huyo mjomba apewe nishani. Bibi mkunga naye.

Fundi Masasi
Hapa uzi umekwisha, hakuna atakayeizidi hii.

KoroshoGhafi
Haujaisha. Naombeni ushauri. Kile kipande cha reli shuleni kwetu, wanunuzi wa chuma chakavu wamekifikia bei na kamati inataka kukubali. Nifanyeje?

Mnyambe_wa_Shangani
Wauze, wanunue kengele ya umeme na madawati. Watoto wanakaa chini.

LindiNdiyoKwetu
USIUZE. Nenda usiku ukakifiche kwa bibi yako. Vyote viliuzwa hivyohivyo kidogokidogo mpaka mtu akisema tulikuwa na treni anaambiwa anaweweseka.

Fundi Masasi
Asiibe mali ya shule jamani. Andika barua kwa kamati, changa wewe na wenzako uliosoma nao bei ile ile, kibaki palepale mwembeni. Mimi natoa elfu kumi.

BintiMikindani
Na mimi kumi.

Dereva_Mstaafu
Nami niseme langu. Nimeendesha malori njia ya kusini kabla ya Daraja la Mkapa, lile la Rufiji lililofunguliwa 2003. Masika tulikuwa tunalala porini kusubiri kivuko na tope, mzigo unaozea juu, tandiboi anapika ugali chini ya lori. Kila nilipolala njaa nilikuwa nawaza zile reli. Watu wanasema treni ilikufa kwa kukosa mzigo, na ni kweli, karanga zilikataa ardhi na mvua ya kwetu, na kilichobaki hakikutosha kuilisha. Lakini leo? Korosho ipo. Makaa ya mawe ya Ruvuma yanashuka bandari ya Mtwara kwa malori, lori nyuma ya lori, barabara inalia. Reli ya Mtwara hadi Mbamba Bay, kule Ziwa Nyasa, yenye matawi ya kwenda kwenye makaa ya Mchuchuma na chuma cha Liganga imo kwenye mipango miaka mingi. Mzigo unaisubiri treni safari hii, na hapo ndipo wakubwa wasitazame pembeni.

LindiNdiyoKwetu
Hapo nakuunga mkono baba. Na ipite Lindi.

Mnyambe_wa_Shangani
Mbamba Bay ipo magharibi kaka, ipite Lindi ikatafute nini?

MzeeWaChikongola (mleta mada)
Wanangu, msigombane, wote mmenipa faida. Somoe, Mungu awatunze. Na mimi elfu kumi zangu kwa ile kengele ninazo. Nina ombi: Nachingwea bado yupo mzee yeyote aliyefanya kazi stesheni? Nataka nimfuate nimrekodi kabla msimu wa korosho haujaanza na magari kujaa.

Fundi Masasi
Yupo mmoja, alikuwa anajaza maji kwenye kichwa cha treni. Akili timamu, ila sikio la kushoto limekufa. Kaa kuliani kwake, nenda asubuhi, na umpelekee ugoro.