Mke katoweka: ombi la habeas corpus linasimama?

mdau_sheria: Habari wakuu. Kuna mume ambaye mkewe hajulikani alipo. Ana cheti cha ndoa na namba ya taarifa ya polisi. Ameshauriwa aende Mahakama Kuu na ombi la habeas corpus dhidi ya polisi na wakwe zake. Litasimama? Na kiapo chake cha maandishi kiseme nini?

hati_ya_kiapo: Mkuu, kwanza: nani anamshikilia? Amri hii humlazimisha anayemzuia mtu amlete mbele ya jaji na aeleze anamshikilia kwa sheria ipi. Kiapo kikisema tu "haonekani na polisi hawafanyi kitu", polisi wataapa kwamba hawakumkamata, na ombi litatupwa. Uzembe wa upelelezi una ombi lake: mahakama iwaamuru polisi watimize wajibu wao.

Kama kweli kuna anayemshikilia, kiapo kitaje tarehe, saa na mahali alipoonekana mwisho, waliomchukua walivyokuwa, namba ya gari, vituo vilivyoulizwa na kila kituo kilijibu nini. Ambatanisha cheti cha ndoa, picha na taarifa ya polisi. Walioona kwa macho waape wenyewe; aya ya "nimeambiwa na jirani" isiyomtaja jirani huombewa ifutwe. Mjibu maombi awe mkuu wa kituo kwa cheo chake. Usisahau hati ya dharura, bila hiyo jalada litapanga foleni na mengine.

mzee_wa_chemba: Wakwe wanaweza kushtakiwa kwa ombi hili, kwa sababu halilengi serikali pekee. Ila mume aambiwe mapema: mke akiletwa, jaji atamuuliza yeye mwenyewe, mara nyingi faragha. Akijibu kwamba aliondoka kwa hiari, shauri limekwisha. Mahakama haimkabidhi mtu mzima kwa mwenzi wake.

Uingereza mwaka 1891, kesi ya R v Jackson, mume ndiye aliyemfungia mkewe ndani. Mahakama ya Rufani iliamuru mke aachiwe na ikakataa hoja kwamba ndoa inampa mume haki ya kumzuia. India nayo, kesi ya Hadiya: baba alifungua habeas corpus, Mahakama Kuu ya Kerala ikabatilisha ndoa ya binti, na mwaka 2018 Mahakama ya Juu ikairudisha baada ya kumsikiliza mwenyewe. Na kama mke alikimbia kipigo, wakili wake aombe anwani yake isitajwe wazi. Hili ni suala la uhai wake.

mdau_sheria: Na mume akichukuliwa na watu wenye silaha, kisha polisi wakikana?

hati_ya_kiapo: Hapo wahini, maana picha za kamera hufutika nyingine zinaporekodiwa juu yake. Andikieni wenye kamera barua wazihifadhi, na muiombe mahakama iagize rejista ya mahabusu iletwe na walioapa wahojiwe juu ya viapo vyao. Katika Velásquez Rodríguez dhidi ya Honduras (1988), Mahakama ya Haki za Binadamu ya nchi za Amerika ilisema ombi linalodai utaje mahali mtu alipofungwa halifai kwa aliyefichwa. Kwa hiyo msiombe aletwe tu. Ombeni pia uchunguzi na taarifa za maendeleo kwa jaji.

mzee_wa_chemba: Naongeza: likitupwa kwa kukosa ushahidi, kwa kawaida mnaweza kurudi ushahidi mpya ukipatikana. Tunzeni nakala za kila kiapo kilichowasilishwa na polisi. Kauli zikigongana baadaye, huo ni ushahidi.