Vikundi au kueleza ubaoni: muhula ujao nishike ipi?

Chaki_Nyeupe: Walimu wenzangu, habari za kazi. Mkuu wa idara anataka kila mmoja wetu ataje mbinu atakayoitegemea muhula ujao, mwisho Ijumaa. Nimebaki na mbili: kazi za vikundi, au nieleze mwenyewe hatua kwa hatua kisha niulize maswali. Ipi inawafanya waelewe kweli?

MamaHesabu: Somo gani, mwalimu? Wana umri gani? Wako wangapi? Tusikuandikie dawa kabla ya kupima.

Ubao_Mweusi: Kwa mada mpya, eleza mwenyewe. Onyesha mfano uliokokotolewa mwanzo hadi mwisho, wa pili uishie nusu wamalizie wao, wa tatu wafanye wenyewe. Mwanasaikolojia wa elimu John Sweller aliandika tangu 1988 kwamba anayeanza akiachwa ahangaike kutafuta njia, akili yote inaishia kwenye kutafuta.

Sauti_ya_Darasa: Sikubaliani hata kidogo. Darasa la kusikiliza tu linasinzia. Mwanasaikolojia Elliot Aronson alianzisha mbinu ya jigsaw mwaka 1971 huko Austin, Texas: kila mwanafunzi anashika kipande chake cha mada na kukifundisha kwa wenzake. Hapo hakuna wa kujificha.

Kalamu_Nyekundu: Wa kujificha wapo, ndugu yangu. Nilipokea darasa lililozoeshwa vikundi vya watu sita sita. Tukawa kwenye kujumlisha sehemu. Mabango yao yalipendeza, kila bango limeandikwa 1/2 + 1/3 = 5/6, na mtoa taarifa wa kikundi anaeleza vizuri tu. Nikakusanya madaftari jioni. Daftari baada ya daftari, 2/5. Wamejumlisha juu kwa juu, chini kwa chini! Kila kikundi kilikuwa na mmoja anayejua, ndiye aliyeshika kalamu. Waliobaki walipaka rangi. Iliniuma sana, maana walishapigiwa makofi. Tangu hapo sikubali jibu la kikundi kabla kila mtoto hajaandika la kwake.

Chaki_Nyeupe: Samahani kwa kuchelewa. Ni fizikia, miaka 14 na 15, wako 58. Tunaanza saketi za umeme.

MamaHesabu: 58! Basi wawili wawili, madawati yasisogezwe. Uliza: taa mbili zimeungwa mfululizo, moja ikiungua, nyingine itawaka? Kila mmoja aandike, ajadiliane na jirani, ndipo uchague wa kujibu.

Ubao_Mweusi: Na usiwategemee wanaonyoosha mkono. Taja jina.

Sauti_ya_Darasa: Kutaja jina kunawaua waoga. Nina mwanafunzi aliyeacha kabisa kuongea kwa sababu hiyo.

Ubao_Mweusi: Uliza kwanza, subiri, jina lije mwisho. Mtafiti wa elimu Mary Budd Rowe aligundua kuwa walimu wengi husubiri kama sekunde moja tu. Wakifika sekunde tatu, majibu yanarefuka na wanaojibu wanaongezeka.

Kalamu_Nyekundu: Ongeza maswali ya kipindi kilichopita kila unapoanza, madaftari yamefungwa. Wanasaikolojia Roediger na Karpicke walilipima hilo, utafiti wa 2006: baada ya dakika tano waliorudia kusoma walikumbuka zaidi, lakini baada ya wiki waliojipima kwa kukumbuka ndio waliokuwa mbele.

Chaki_Nyeupe: Asanteni. Ila fomu ya idara ina nafasi ya mbinu moja tu.

Sauti_ya_Darasa: Andika vikundi!

MamaHesabu: Vikundi vya wangapi? Na hayo majibu 58 nani anayasahihisha kila siku?