Majani yanakata huku Kibamba, hawa ng'ombe niwalishe nini mpaka vuli?

Zizi_Kibamba:
Habari za saa hizi wakuu. Nina ng'ombe 4 wa maziwa, chotara wa Friziani, nafugia ndani. Masika huwa hakuna shida, dogo anakata majani kwenye viwanja ambavyo havijajengwa anarudi mkokoteni umejaa. Sasa Julai hii majani yamekauka na viwanja vyenyewe kila leo vinapigwa fensi, anazunguka mpaka saa sita anarudi na mzigo hata ng'ombe mmoja hashibi. Nimeongeza pumba kufidia ila maziwa yanashuka tu na mavi yamekuwa kama uji. Nifanyeje?

Babu Ngozi:
Mkuu punguza pumba kwanza, hayo mavi ndo yanakwambia. Ng'ombe asipopata majani ya kutosha hacheui vizuri, asipocheua mate yanakuwa machache na mate ndo yanapoza ile asidi ya tumboni, pumba zikizidi anaanza kususa chakula, baadae unamuona anachechemea. Majani ndo ugali, pumba ni mboga.

Ng'ombe wa kilo 400 anataka kama kilo 12 za chakula kikavu kwa siku, ukimpa pumba na mashudu kilo 4 basi 8 zinazobaki ziwe majani. Wanne ni kilo 32, robota la hei, yani majani yaliyokaushwa yakafungwa, lina kilo 15 mpaka 20 kutegemea lilivyofungwa, yani marobota mawili kwa siku, mpaka mwisho wa Novemba weka kama 300. Nunua sasa hivi, ukingoja Oktoba kila mtu anatafuta. Anzia kuulizia Vikuge pale Kibaha, lile shamba la malisho la serikali, kwako sio mbali. Ukifika usipakie tu, fungua robota moja ingiza mkono mpaka katikati, ukikuta joto au harufu ya uvundo au vumbi jeupe linaruka, hiyo ni ukungu, achana nayo. Na ukileta nyumbani panga juu ya mbao, sio chini kwenye sakafu.

mama_wa_mbuzi:
Hei 300 ni hela jamani 😅 changanya na mabua ya mpunga, Ruvu huko wakishavuna mengine wanachoma moto. Yenyewe hayana nguvu ila ukiyaloweka na urea yanalika, kilo 4 za urea kwenye maji lita 80 hivi, nyunyizia kilo 100 za mabua tabaka kwa tabaka huku unakanyaga, funika na turubai kusiwe na upenyo hata kidogo, wiki tatu.

Zizi_Kibamba:
Urea hii hii ya mbolea dada? Si itaua ng'ombe?

mama_wa_mbuzi:
Hiyo hiyo ya mfuko. Inaua ukizidisha kipimo au ng'ombe akanywa yale maji yake, kwahiyo ndoo ya kuchanganyia isikae karibu na zizi. Ukifunua acha yapigwe upepo kwanza mpaka ile harufu ya kuwasha macho ipungue, anza na kidogo wazoee, na ndama wa chini ya miezi 6 usimpe kabisa.

kijana wa Pugu:
Mnaongelea majani tu, maji je? Anayekamuliwa kwa joto la Dar ndoo 3 mpaka 4 za lita 20 kwa siku, na zaidi akiwa anakula hei maana ni kavu. Wengi wanapewa ndoo moja asubuhi moja jioni halafu tunalaumu mbegu.

Zizi_Kibamba:
Kwenye maji hapo umenigusa mkuu, leo leo naweka pipa lililokatwa muda wote wawe nalo. Pumba nimeshapunguza. Hei nataka nifuate wiki ijayo ila fuso zima kwa ng'ombe wanne naona gharama, kama kuna mtu wa Mbezi, Kibamba au Kiluvya anataka tuchangie gari anicheki inbox.

Babu Ngozi:
Mimi niweke marobota 100.