Rufaa dhidi ya amri ya mahakama ya chini: hukumu zilizotangulia zinafunga kiasi gani?

Swali

Ndugu wanasheria, mdogo wangu alishindwa kesi bila kusikilizwa, kwa kuwa wito uliachwa kwa jirani ambaye kesho yake alisafiri. Aliomba hukumu hiyo ya upande mmoja itenguliwe, hakimu akakataa. Sasa anataka kukata rufaa dhidi ya amri hiyo, na amekusanya hukumu sita ambamo waombaji wa namna yake walifanikiwa. Je, mahakama ya rufaa haitalazimika kuzifuata?

Jibu la kwanza

Pole kwa yaliyomkuta, lakini si zote. Kinachofunga katika hukumu si matokeo yake, bali ile kanuni ya sheria ambayo bila hiyo jaji asingefikia uamuzi wake. Mengine aliyoyasema njiani, hata yakiwa na hekima, ni maoni ya kushawishi tu. Tena kwa kawaida sharti hukumu yenyewe iwe imetoka mahakama iliyo juu ya ile itakayosikiliza rufaa, au wakati mwingine mahakama hiyo hiyo.

Kubwa zaidi ni kwamba kutengua hukumu ya upande mmoja ni suala la hiari ya mahakama, yaani jambo ambalo hakimu anapima na kuamua mwenyewe, na katika masuala ya hiari maamuzi yaliyotangulia hayasemi nani ashinde, bali yanaelekeza swali ambalo mahakama ya rufaa itajiuliza. Katika shauri la Mbogo dhidi ya Shah, 1968, Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ilieleza kwamba haitaingilia hiari ya jaji isipokuwa alijielekeza vibaya (yaani alikosea sheria au ukweli wa kesi) katika jambo fulani na hivyo akaamua isivyo sahihi, au ni dhahiri kutokana na kesi nzima kwamba alikosea na haki ikapotea. Majaji wa rufaa wanaweza kabisa kuona kuwa wao wangeamua vingine, na bado wakaiacha amri ilivyo.

Jibu la pili

Nakubaliana na mwenzangu. Ila kwanza ahakikishe kama amri hiyo inakatiwa rufaa moja kwa moja au kwa kibali, maana rufaa nzuri hutupwa kwa kasoro hiyo tu.

Ajiandae pia kwa mjibu rufaa atakayesema kwamba katika hukumu hizo wito haukufika kabisa, ilhali hapa jirani aliupokea. Kesi ikishatofautishwa hivyo, haimfungi mtu. Wala asipoteze muda kuishambulia kanuni yenyewe ya Mbogo dhidi ya Shah, kwani mahakama haziachi maamuzi yake kirahisi. Mahakama ya Rufaa ya Uingereza ilitamka mwaka 1944, katika Young dhidi ya Bristol Aeroplane, kwamba inafungwa na maamuzi yake yenyewe ila katika hali tatu, na hata mahakama ya juu kabisa ya huko haikujiruhusu kuachana na maamuzi yake hadi 1966.

Muulizaji

Nashukuru. Nimeisoma upya amri hiyo: ukurasa wa pili hakimu ameandika kwamba wito ulipokelewa na mdaiwa mwenyewe, wakati kiapo cha mpeleka wito kinamtaja jirani. Je, huko ndiko kujielekeza vibaya?

Jibu la kwanza

Huko hasa, mradi aonyeshe kwamba kosa hilo ndilo lililozaa amri. Iwe sababu ya kwanza ya rufaa, kiapo hicho kiwemo katika kumbukumbu za rufaa, na kati ya hukumu zile sita abaki na zile tu ambazo amri ilitenguliwa kwa sababu ushahidi wa kufikishwa kwa wito ulisomwa vibaya.