Ushauri: Mtangazaji wa michezo anayetaka kutengeneza filamu za makala

Ndugu wachangiaji, nimetangaza michezo kwa muda mrefu na sasa nataka kutengeneza filamu ya makala kuhusu bondia mstaafu ninayefahamiana naye tangu enzi zake za ulingoni. Nilipomwonyesha mhariri mmoja kipande cha majaribio, ambamo bondia huyo anamfunga kijana bandeji za mikono kabla ya mazoezi, aliniambia kwamba sauti yangu inasimulia kila kitu ambacho macho yameshakiona. Naomba kujua ni yapi katika utangazaji yatanifaa, ni yapi niyaache, na kama niache ajira kwanza.

Mchangiaji wa kwanza: Mhariri huyo amekuambia kweli. Mtangazaji hulipwa ili ukimya usiingie hewani, ilhali filamu ya makala mara nyingi huutegemea ukimya huohuo. Kihariri upya kipande hicho bila maelezo yako, ubakize mlio wa bandeji inapokazwa na pumzi za yule kijana, kisha umwonyeshe mtu asiyejua ndondi. Akielewa, maneno yako hayakuhitajika. Katika mahojiano nako usikimbilie swali linalofuata, kwa kuwa mwanamichezo aliyezoea kuhojiwa ana majibu aliyokwisha kuyakariri, na lililo la kweli huja hayo yakimwishia. Unachokuja nacho, ambacho wengi wetu hatuna, ni kuaminiwa na watu wa ulingoni. (Na masikio pia: utajua mapema kuliko mpiga picha kwamba maikrofoni imekaa vibaya.)

Mchangiaji wa pili: Usisahau hakimiliki. Sauti yako kusikika katika pambano lililorushwa hakukupi haki ya kutumia picha zake, ambazo kwa kawaida ni mali ya mwandaaji, shirikisho au kituo cha televisheni. Filamu ya makala ya Senna ya mwaka 2010, kuhusu Ayrton Senna, dereva wa mbio za magari za Formula One, iliyoongozwa na Asif Kapadia, imejengwa karibu yote kwa picha za kumbukumbu, na bila makubaliano na wenye hifadhi ya picha za Formula One isingewezekana. Ulizia gharama kabla ya kuandika muswada unaotegemea pambano fulani. Bondia naye asaini ridhaa, ila asipewe mamlaka ya kuamua kipi kikatwe.

Mchangiaji wa tatu: Ajira usiiache. Waliotengeneza Hoop Dreams, filamu ya makala kuhusu vijana wawili wacheza mpira wa kikapu iliyotoka mwaka 1994, walikusudia filamu ya dakika 30, wakajikuta wamerekodi kwa takriban miaka 5 na kukusanya saa 250 hivi za picha. Soma mkataba wako kwanza, kwani baadhi ya waajiri hudai umiliki wa kazi za mwajiriwa hata alizozifanya siku za mapumziko.

Mwanzisha mada: Nashukuru. Mkataba wangu una kifungu cha aina hiyo. Je, barua ya ruhusa inatosha?

Mchangiaji wa tatu: Inaweza kutosha, mradi iitaje filamu yenyewe, ieleze wazi kwamba haki zote ni zako, na isainiwe na mwenye mamlaka ya kuingia mikataba, si mkuu wako wa kitengo. Ipate kabla hujarekodi tena, kwa sababu atakayetaka kuinunua filamu ataomba kuiona.