Saikosisi (kupoteza mguso na uhalisia) ya ghafla: lini tushuku mchochota wa ubongo?

Zamu_ya_Usiku:
Wakuu, naomba mwongozo. Chukulia kijana asiye na historia yoyote ya ugonjwa wa akili. Ndani ya wiki mbili ameanza kusikia sauti, hapati usingizi, na anaamini ndugu zake wanataka kumuua. MRI (picha ya ubongo) ni safi. Damu imepimwa kingamwili dhidi ya vipokezi vya NMDA (protini zinazopokea ishara kwenye seli za neva), hazikuonekana. Je, hapo suala la mchochota wa ubongo limeisha, tuendelee na dawa za saikosisi tu? Halafu, kingamwili zinamfanyaje mtu asikie sauti zisizokuwepo?

Neva_na_Akili:
Halijaisha, mkuu. Zaidi ya nusu ya wagonjwa hawa MRI yao huwa ya kawaida. Damu nayo hukosa takriban mgonjwa mmoja kati ya saba ambaye kingamwili zake zimo kwenye maji ya uti wa mgongo. Kwa hiyo yatoe maji hayo, baada ya kuhakikisha hakuna shinikizo kubwa ndani ya fuvu wala tatizo la kuganda kwa damu. Omba hesabu ya seli nyeupe, protini, sukari, PCR (kipimo cha vinasaba) ya virusi vya herpes, kaswende, na kingamwili za aina ya IgG dhidi ya vipokezi vya NMDA. Pima na HIV. Fanya EEG (kipimo cha umeme wa ubongo) pia. Mara nyingi huonyesha mawimbi ya polepole hata pale MRI isipoonyesha chochote.

Kisha rudi kitandani umwangalie mgonjwa upya. Je, alianza na homa au kichwa kuuma? Maneno yanapungua siku hadi siku? Midomo na ulimi vinachezacheza vyenyewe? Anakaa mkao mmoja kwa saa nzima? Mapigo ya moyo na presha vinapanda na kushuka bila sababu? Degedege je? Dalili moja tu kati ya hizi ikiongezeka juu ya saikosisi iliyoanza ghafla, inatosha kukufanya uchukue sindano ya mgongo.

Kinga_Mwili:
Kuhusu swali la pili: kingamwili hushika sehemu ya kipokezi iitwayo GluN1, huviunganisha vipokezi viwili viwili, na seli huvimeza ndani. Vipokezi vinapungua juu ya neva, ila neva yenyewe haifi. Ndiyo maana mtu aliyefikia kuwekwa kwenye mashine ya kupumua anaweza kupona na kurudi masomoni. Ketamini, dawa ya usingizi wa upasuaji, huziba vipokezi hivyohivyo, nayo huleta hali inayofanana sana na saikosisi. Daktari wa neva Josep Dalmau na wenzake walieleza kingamwili hizi mwaka 2007, kwa wanawake wengi wao wakiwa na teratoma (uvimbe wenye tishu za aina mbalimbali) ya ovari. Uvimbe huo huwa na tishu za neva ndani yake, na kinga ikianza kuushambulia hugeukia ubongo. Mgonjwa akiwa mwanamke, piga picha ya nyonga mapema. Teratoma isipoondolewa, dawa hufanya kazi nusunusu.

Zamu_ya_Usiku:
Asanteni sana. Majibu ya kingamwili yakichelewa wiki mbili, tunangoja?

Neva_na_Akili:
Hapana. Vigezo vya utambuzi vya mwaka 2016 vinakuruhusu kuanza matibabu ikiwa dalili zimejitokeza kwa haraka ndani ya miezi 3 katika makundi 4 kati ya 6 (tabia au fikra, usemi, degedege, miondoko isiyo ya kawaida, fahamu, na mapigo, presha au upumuaji), EEG au maji ya mgongo yana kasoro, na sababu nyingine zimeondolewa. Mpe asikloviri (dawa ya virusi vya herpes) miligramu 10 kwa kilo kila saa 8 mpaka herpes ikanushwe. Kisha methilipredinisoloni (steroidi, dawa ya kutuliza kinga) gramu 1 kwa mshipa kila siku, siku 3 hadi 5, pamoja na imunoglobulini (kingamwili za wachangia damu) gramu 0.4 kwa kilo kila siku kwa siku 5, au kusafisha plazma (majimaji ya damu). Sampuli zichukuliwe kabla ya imunoglobulini, kwa sababu huchafua majibu. Na usisafishe plazma mara tu baada ya kuchoma imunoglobulini: utakuwa unaimwaga. Asipoimarika ndani ya wiki mbili hivi, mpe rituksimabu, dawa inayopunguza seli B za kinga.

Nasisitiza kuhusu haloperidoli, dawa ya saikosisi. Miili ya wagonjwa hawa huikataa vibaya: misuli inakakamaa, joto linapanda, CK (kimeng'enya cha misuli kwenye damu) inaruka, na timu inadhani ugonjwa umezidi, inaongeza dozi. Kwa fujo na katatonia (kuganda mkao mmoja bila kuitikia) anza na lorazepamu, dawa ya kutuliza, huku ukiangalia upumuaji.

Saikia_Makini:
Naongeza tahadhari. Saikosisi tupu, bila dalili yoyote ya neva, ni takriban asilimia 4 tu ya matukio ya ugonjwa huu, na mara nyingi ni pale ugonjwa unaporudi. Kingamwili kidogo kwenye damu peke yake huonekana hata kwa watu wazima wa afya; zisipokuwemo kwenye maji ya mgongo, usimpe mtu steroidi, maana steroidi zenyewe huleta saikosisi. Na skizofrenia ya kawaida isitibiwe kama mchochota: jaribio la minosaikilini (antibayotiki) lililochapishwa mwaka 2018, likilenga kutuliza kinga ya ubongo, halikuwasaidia wagonjwa.