Naombeni ushauri: albamu yetu ya kwanza imepondwa, tuitoe mtandaoni au tuiache?

Gitaa Bovu:
Wakuu habari za usiku. Naandika sina raha, mnivumilie. Tuna bendi ya watu wanne hapa Mwanza, tunapiga roki (ndiyo, roki, msicheke), hatuna lebo wala meneja, kila kitu tunajifanyia. Miaka mitatu tunafanya mazoezi kwenye stoo ya mjomba Nyegezi, mwezi uliopita tukatoa albamu yetu ya kwanza, nyimbo tisa. Sasa kuna jamaa wa Dar anachambua muziki, watu wanamsoma sana, katupa nne juu ya kumi. Anasema sauti ya muimbaji imezama kama mtumbwi wenye tundu, mashairi ni ya mtu aliyesimuliwa mapenzi, na wimbo wa nne mvua kwenye bati inasikika kuliko gitaa. Tangu siku hiyo muimbaji hapokei simu, wa besi anataka tuitoe yote turekodi upya, mimi nasema iachwe. Nyie mngefanyaje?

Ngosha Mstaafu:
Nne juu ya kumi si umefaulu dogo, mimi hesabu fomu foo nilipata F na leo nauza vipuri vya mashine za boti, nikikosea chenji ni makusudi.

Mama Dagaa:
Mwanangu usife moyo. Mimi nilianza kuuza dagaa hapo Mwaloni nikiwa naanika mchangani kama wenzangu, mteja mmoja akaja kunisema mbele za watu kwamba dagaa wangu anatafuna na ufukwe, nililia siku hiyo nikamtukana na mama yake. Wiki iliyofuata nikanunua neti nikaanika juu ya chanja. Yule yule karudi, sasa ni mteja wangu, ila deni lake la mwezi wa tisa hajalipa mpaka leo na najua anasoma humu.

Sikio la Zamani:
Kuponda albamu ya kwanza hakujaanza na nyie. Led Zeppelin walipotoa ya kwanza mwaka 1969 jarida la Rolling Stone liliwaponda, leo hiyo hiyo inahesabiwa kati ya nguzo za roki. Muache jamaa aandike. Ila nikuulize, uchambuzi wote huo hakuna alichokisifia? Hizo nne zimetoka wapi?

Gitaa Bovu:
Kasifia drams. Ila hilo haliingii kwenye swali langu mkuu, swali ni tuitoe au tuiache.

Dada Pilipili:
Subirini. Umetaja muimbaji, umetaja besi, umejitaja na wewe. Watu wanne. Mpiga drams aliyesifiwa mbona humtaji? Huyo si ndo angekuwa wa kwanza kusema iachwe?

Sikio la Zamani:
Umeliona dada. Kuna kitu kimekaliwa hapa.

Gitaa Bovu:
Haya. Nasema ila msinishambulie.

Tulirekodi mwezi wa saba mpaka wa nane mjomba alipokuwa Sengerema. Mpiga drams wetu ni rafiki yangu tangu shule ya msingi, mtu safi, lakini akifika kwenye kiitikio anakimbia kama daladala inayowahi abiria Buzuruga. Nilijaribu kumnyoosha kwenye miksi ikashindikana. Nikafuta drams zake zote nikaziandika upya kwenye kompyuta, pigo moja moja kwa mausi, usiku sita. Nikamwambia nimezisafisha tu.

Mchambuzi kaandika kwamba wimbo wa tano, pale ngoma zinapokata mapigo mawili halafu zinarudi, ndiyo sehemu pekee ya albamu yenye akili. Anasema "huyu anajua kunyamaza". Rafiki yangu kapiga picha hiyo sentensi kaiweka hadi stetasi, mama yake kaisoma kanisani. Na tarehe 20 tuna shoo hoteli moja Capri Point, watu watakuja kuisikia hiyo sehemu, na yeye hawezi kuipiga.

Dada Pilipili:
Eeh makubwa. Kwa hiyo aliyeponda albamu hana shida, mwenye shida ni aliyesifiwa.

Mwalimu wa Zamu:
Uongo una mwisho mbaya kijana. Milli Vanilli walikuwa wanafungua mdomo tu huku wanaimba wengine, mwaka 1990 wakanyang'anywa Grammy yao mchana kweupe. Kamwombe msamaha mwenzio.

Sikio la Zamani:
Mwalimu usimtishe, wale hawakuimba hata neno. Mfano wake ni The Beatles. Ringo Starr ndo kwanza kajiunga, 1962 wanarekodi Love Me Do, prodyuza hakuridhika na drams zake akaleta mpigaji wa kukodi, Andy White. Iliyoingia kwenye albamu yao ya kwanza ni ya Andy, Ringo anatikisa tari tu pembeni. Na bado akaja kuwa Ringo. Tofauti ni kwamba Ringo alikuwepo chumbani, aliona.

Gitaa Bovu:
Asante mkuu, hata mimi nilifikiria hivyo. Nimeshaongea na dogo mmoja anapiga drams kanisani Igoma, atatushikia hiyo siku, na rafiki yangu nimemwambia jukwaa ni dogo kwa hiyo atapiga manyanga. Siyo kwamba namdharau, nalinda jina la bendi. Na kadi za mwaliko zimeshatoka.

Ngosha Mstaafu:
Manyanga!!! Mtu kasifiwa na Dar nzima unampa manyanga 😂😂

Dada Pilipili:
Kwa hiyo ulikuja kuomba ushauri au baraka?

Chai Rangi:
Uzi mtamu ila hii ni chai, tena ina tangawizi. Mmerekodi mwezi wa saba na wa nane, hiyo mvua ya kupiga bati mliitoa wapi? Mimi wa Mabatini hapa, miezi hiyo tunakula vumbi. Pili, Mwanza na roki wapi na wapi. Tatu, weka linki tusikie hizo drams za mausi.

Gitaa Bovu:
Wimbo wa nne tuliurekodi mapema, mwezi wa nne, ndo tulioanza nao. Linki siweki, jina la bendi likionekana humu jamaa atalisoma.

Chai Rangi:
Rahisi hivyo. Sukari ingine wakuu.

Sikio la Zamani:
Chai Rangi, kwamba roki siyo ya huku si kweli. Zambia hapo jirani miaka ya 70 walikuwa na bendi kama WITCH, magitaa yanaunguruma. Na Freddie Mercury wa Queen kazaliwa Zanzibar 1946.

Ngosha Mstaafu:
Kazaliwa tu, hakupigia roki Zanzibar. Mimi nimezaliwa Ukerewe, mbona kuogelea sijui.

Mama Dagaa:
Iwe chai isiwe chai, huyo mtoto wa manyanga ameniuma. Nenda kwake mwanangu.

Gitaa Bovu:
Mrejesho. Nimepanda kwake Kirumba jioni hii, sijaingia, nimekaa kwenye jiwe nyuma ya nyumba. Dirisha liko wazi. Kageuza ndoo na beseni, simu inacheza wimbo wa tano, anafuatisha. Akifika pale pa kunyamaza anawahi kuingia. Anasimamisha, anarudisha nyuma, anaanza tena. Hii ni mara ya nane au ya tisa.

Dada Pilipili:
Mtu hajifunzi kwa shida hivyo kitu alichokipiga mwenyewe. Anajua siyo yeye.

Gitaa Bovu:
Ndo nimekaa hapa nawaza hicho hicho.

Mama Dagaa:
Piga hodi.

Gitaa Bovu:
Ngoja amalize. Hii ya sasa kakaribia.